Mwambieni Mshiriki Mlango Unaofungwa

Juzi niliketi kiti cha nyuma katika chumba cha ridhaa, nikimsikiliza mmoja wenu akimweleza binti mwenye selimundu jinsi tutakavyochukua seli shina zake, tuzihariri, kisha tumrudishie. Alieleza kwa ufasaha. Alichora mkasi, akachora uzi wa DNA, akaonyesha jinsi tunavyoilegeza breki inayoizuia himoglobini ya kijusi ili irudi kazini, na binti akatabasamu. Dakika 25 zilikwenda kwa huo mkasi. Busalfani, dawa kali ya kuua uboho wa zamani kabla ya kurudisha seli, ambayo ndiyo itakayompukutisha nywele, kumtia vidonda kinywani na pengine kumfungia uzazi, ilipewa maneno manane: "Kabla ya hapo kuna dawa ya kuandaa uboho." Kisha likaja swali letu lile la miaka yote, "Umeelewa, dada?", likajibiwa "Nimeelewa", na kalamu ikatolewa.

Bahati nzuri fomu aliyoishika ilikuwa toleo la nne, ilhali kamati ya maadili ilikwisha kupitisha la tano, nami nikapata kisingizio cha kuisimamisha sahihi bila kumwaibisha mtu mbele ya mgonjwa. Ni mara yangu ya kwanza kufurahi kuona toleo la zamani likizurura ofisini. Nimekuwa mratibu wa tafiti hizi kwa miaka 16, wadogo zangu, na makosa mnayoyafanya nayajua kwa sababu mengi nimeyafanya kabla yenu. Ndiyo maana nayaandika haya kwa upendo, ingawa uvumilivu umepungua.

1. Acheni kusema "tiba" kabla haijawa tiba. Najua neno "jaribio" linakwaruza mdomoni, na najua kwamba uhariri wa jeni kwa selimundu umekwisha kuidhinishwa Uingereza tangu Novemba 2023 na Marekani mwezi uliofuata. Lakini bidhaa iliyoidhinishwa si yetu. Yetu bado inahesabu washiriki wake wa kwanza kwa vidole, na mnapomwambia mtu kwamba "hii imeshafanya kazi", mnaazima mafanikio ya watu wengine na kuyaweka kwenye fomu yetu.

Nyote mnalijua jina la Jesse Gelsinger, na kwenye usaili mnalitaja haraka haraka: umri wa miaka 18, jaribio la kupandikiza jeni kule Pennsylvania, adenovirusi, alifariki tarehe 17 Septemba 1999, siku nne baada ya kupewa vekta, yaani virusi vilivyobebeshwa jeni. Msilolikumbuka ni kwamba kijana yule hakuwa mahututi. Upungufu wake wa kimeng'enya cha OTC, kinachosaidia ini kuondoa amonia mwilini, ulikuwa ukidhibitiwa kwa mlo na vidonge, na jaribio lenyewe lilikuwa la kupima usalama wa dozi, bila ahadi ya kumponya. Watu wazima wenye nafuu walichaguliwa baada ya hoja kutolewa kwamba mzazi wa kichanga kinachokufa hawezi kukataa kwa uhuru. Hoja hiyo ilikuwa ya kimaadili na ya busara. Hata hivyo, habari za kima waliokufa katika majaribio ya awali ya vekta za aina hiyo hazikuwamo kwenye fomu aliyotia sahihi. Kila fomu ina kima wake. Kazi yenu ya kwanza, kabla hata ya kumkaribisha mshiriki, ni kuwatafuta wa kwenu wamefichwa ukurasa wa ngapi.

2. Hili ni langu mwenyewe, na nitalisimulia kwa urefu kwa sababu nimelifupisha mno katika semina.

Utafiti ulikuwa wa hemofilia B, ugonjwa wa damu isiyoganda vizuri. Vekta ya AAV, aina ya virusi vidogo, ilibeba jeni ya faktori ya IX, protini ya kugandisha damu, kwenda kwenye ini, na itifaki, yaani mpango wa utafiti, ilikuwa ya kupandisha dozi: kundi la kwanza dozi ndogo, la pili ya kati, la tatu kubwa. Akaja kijana wa miaka 24 ambaye goti lake la kushoto lilikwisha kuharibiwa na damu iliyovujia humo tangu utotoni, akitembea kama mtu anayepima kila hatua. Alikuwa na mdogo wake mwenye ugonjwa huo huo. Alisema waziwazi kwa nini amekuja: atangulie yeye, na likitokea la kutokea, mdogo wake asiingie. Aliniita daktari. Mimi si daktari, lakini nilikuwa nimevaa koti jeupe kwa sababu chumba kilikuwa na baridi, nami sikumsahihisha. Hilo nalo ni kosa, ingawa siku hiyo lilikuwa dogo kuliko yote.

Fomu ilikuwa na kurasa 22. Tulipofika ukurasa wa 17 kulikuwa na sentensi iliyosema kwamba baada ya kupokea vekta mwili unaweza kutengeneza kingamwili ambazo huenda zikamzuia mshiriki kuingia katika tafiti nyingine za aina hiyo. Niliisoma kwa ile sauti tunayosomea namba ya simu ya kamati. Akaniuliza, "Hiyo maana yake nini, daktari?"

Ilikuwa saa tisa alasiri. Msafirishaji wa sampuli alikuwa akifunga saa kumi, na mfadhili wa utafiti alitaka nafasi ya mwisho ya kundi la kwanza ijazwe kabla ya Ijumaa. Nikamjibu, "Hiyo ni sentensi ya wanasheria tu." Akacheka, nami nikacheka, akageuza ukurasa.

Mnajua kilichokuwa ndani ya sentensi ile. Mwili ukishaiona AAV mara moja kwa wingi namna hiyo, hujiwekea askari ambao hawaondoki, na dozi ya pili ya virusi vile vile huangamizwa kabla haijafika kwenye ini. Wakati ule hatukuwa na njia ya kuwapita. Kwa hiyo mshiriki wa kundi la kwanza hakuwa akijitolea sindano moja yenye hatari ndogo na faida ndogo. Alikuwa akitumia nafasi pekee ambayo mwili wake ungempa, kwa dozi ambayo sisi wenyewe tuliamini ni ndogo mno kumsaidia.

Faktori yake ilipanda hadi asilimia 2 ya kiwango cha kawaida na kusimama hapo. Alivuja damu mara chache kuliko zamani, na alishukuru kwa hilo kuliko tulivyostahili. Mwaka uliofuata tulifika kundi la tatu, na mdogo wake, ambaye kaka alikuwa amemhakikishia kwamba watu wale ni waaminifu, akapewa dozi kubwa. Baada ya miezi michache aliacha kujichoma faktori kabisa.

Kaka alikuja kwenye mahudhurio yake ya mwaka akiwa na daftari dogo. Alikuwa ameorodhesha tarehe ambazo angeweza kuomba likizo kazini. Tulikutana kwenye korido, na hapo hapo, nikiwa nimebeba trei ya mirija ya damu, akaniuliza zamu yake ya dozi kubwa ni lini. Nilitakiwa kuiweka trei chini, nimwombe tuingie chumbani, nimtafutie kiti. Nilimjibu nikiwa nimesimama, na trei mkononi. Alinyamaza kwa muda, akafunga daftari, akasema, "Ile sentensi ya wanasheria." Aliikumbuka neno kwa neno. Baadaye, tulipokaa hatimaye, aliniambia kitu ambacho bado nakisikia kila ninapofungua fomu mpya: kwamba huenda angetangulia vile vile kwa ajili ya mdogo wake, lakini angetangulia akijua anatoa nini.

Nilijiripoti kwenye kamati ya maadili. Kamati ikaagiza sentensi ihamie ukurasa wa kwanza, iandikwe kwa lugha ya kawaida, na washiriki wote ambao hawajapokea vekta waelezwe upya. Wawili walijitoa. Mfadhili alikasirika, na mimi kwa mara ya kwanza nikaelewa kwamba hao wawili walikuwa matokeo mazuri.

3. Mambo madogo, kwa haraka. Kalamu ikae mfukoni mwenu mpaka mshiriki aitafute. Msiulize "umeelewa?", mwombeni awaeleze ninyi kama anavyomweleza ndugu yake wa nyumbani. Fomu ilale kwake angalau usiku mmoja. Andikeni saa pamoja na tarehe. Hakikisheni namba ya toleo, nawasihi, maana sitapata bahati ya juzi mara mbili.

4. Swali la watoto. Kila mshiriki huuliza kama watoto wake wataguswa, na ninyi hujibu ama "hapana" ya sekunde moja, ama mhadhara wa nusu saa juu ya seli za mwili na seli za uzazi. Jibu la kweli lina sehemu mbili, na ile ya pili huwa mnaisahau. Kwanza, hatukusudii kugusa seli za uzazi, ila tunapima: katika utafiti mmoja wa mwanzo wa hemofilia B, vipande vya vekta vilionekana kwenye shahawa za mshiriki wa kwanza aliyepewa AAV kwenye ini, utafiti ukasimamishwa kwa muda, na baadaye vikatoweka. Kondomu na vile vikombe vya sampuli mnavyoona haya kuvitaja vilitokana na hilo. Pili, kwa sababu hatugusi seli za uzazi, mwanamume ambaye ini lake sasa linatengeneza faktori bado atampa kila binti yake jeni ile ile yenye hitilafu. Nimewahi kukutana na baba aliyedhani tumeufuta ugonjwa kwenye ukoo wake. Hakuna aliyemwambia hivyo, ila pia hakuna aliyemwambia vinginevyo.

Kuhusu kuhariri viinitete, najua ndiyo mada mnayoipenda saa ya chai, na watoto wa kuchaguliwa sifa huwanogea kuliko namba za matoleo. Basi litazameni tukio la China kwa jicho la mratibu. Novemba 2018 He Jiankui alitangaza kuzaliwa kwa mapacha ambao jeni yao ya CCR5, inayotengeneza mlango ambao VVU huingilia kwenye seli, ilihaririwa wakiwa viinitete, na mwezi Desemba 2019 mahakama ikamhukumu kifungo cha miaka 3. Mimi hukwama kwenye fomu ya ridhaa, ambayo iliuita mradi ule mpango wa kutengeneza chanjo ya UKIMWI. Baba walikuwa na virusi, mama hawakuwa navyo, na kusafisha mbegu za kiume kulikwisha kujulikana kama njia ya kumkinga mtoto. Hao wazazi waliambiwa "chanjo" kama vile sisi tunavyosema "tiba", na waliofungiwa mlango walikuwa hawajazaliwa kuuliza maana ya ukurasa wowote.

5. Ufuatiliaji. Vekta inayojipachika kwenye jenomu inadai miaka 15 ya kumfuata mtu, na sababu yake mnaijua: kule Paris watoto waliozaliwa bila kinga walipata kinga kwa vekta ya namna hiyo, kisha kuanzia mwaka 2002 baadhi yao wakapata lukemia, yaani saratani ya damu, karibu miaka 3 baada ya kupokea seli zao, kwa sababu vekta ilitua jirani na jeni ya LMO2, inayoweza kuchochea saratani, na kuiamsha. Chukueni namba za simu za ndugu wawili, wala msichukue ya mpenzi. Nimemtafuta mshiriki mmoja kwa miezi minne kupitia mchumba waliyekwisha kuachana, na mchumba alikuwa na mengi ya kunieleza yasiyohusu itifaki. Kaka wa daftari yeye hahitaji kutafutwa. Huja kila mwaka, hukaa kiti kile kile, na huniita kwa jina langu.

Sasa wewe wa juzi, uliyechora mkasi. Mchoro wako ni mzuri, uhifadhi. Yule binti hajaanza busalfani, na yai likishakutana na dawa ile hakuna fomu ya kulirudisha, kwa hiyo miadi ya kuhifadhi mayai lazima itangulie kila kitu kingine kwenye kalenda yake, kama atataka kuendelea. Nimempigia simu, anarudi Alhamisi saa nne na dada yake. Toleo la tano liko juu ya meza yangu. Anzia ukurasa wa 9, mkasi uje mwisho, nami nitaketi kiti kile kile cha nyuma.