Umekosea leni? Nenda nayo hukohuko

Safari hii maswali karibu yote yamekuja ya kitu kimoja, leni. Nimeyaweka pamoja maana majibu yake yanashikana, na mengine nimeyafupisha, kuna kaka mmoja kaandika kurasa mbili nzima kuhusu dereva wa daladala mmoja tu, kaka pole sana ila yale matusi hayachapishiki hapa.

SWALI: Shikamoo mwalimu. Nina leseni tangu mwaka jana, naendesha IST. Shida yangu ni mataa ya Mwenge hapa Dar nikitokea Ubungo. Nataka kukata kulia niende Morocco ila kila siku najikuta nipo leni ya kwenda moja kwa moja, nikiwasha indiketa ya kulia hakuna anayenipisha, wa nyuma wananipigia honi mpaka mikono inatetemeka. Juzi nikaona isiwe tabu nikasimama palepale nikawasha hazadi. Nilikosea? (Dada wa Sinza)

JIBU: Marahaba mwanangu. Ndio ulikosea, ila sio kwenye kuingia leni isiyo yako, hiyo inamtokea kila mtu hadi mwenye miaka ishirini barabarani. Umekosea kwenye kusimama. Hazadi inawaambia wenzako kwamba gari limekufa au kuna hatari, haisemi "nisameheni nimejichanganya", kwa hiyo ukiiwasha pale katikati watu wanajua gari bovu wanaanza kukuzunguka kulia na kushoto, boda nazo zinapita zinapojua zenyewe, na wewe bado kichwani una mpango wa kukata kulia. Hapo ndo watu wanagongana.

Ukijikuta leni ya moja kwa moja, nenda moja kwa moja. Vuka mataa ingia ile barabara ya Coca-Cola, nenda mbele utafute sehemu salama ya kugeuzia, sio ukutane na uwazi wa kwanza ugeuze hapohapo, alafu urudi. Sasa angalia uzuri wake, ukirudi kutokea huko upande wa mjini, yaani wa Morocco, unakuwa kushoto kwako, yaani ile kona ya kulia iliyokuwa inakutoa jasho imegeuka kuwa kona ya kushoto ambayo ni nyepesi kuliko zote. Umepoteza dakika chache na mafuta kidogo. Ukilazimisha kuchomekea kwenye foleni ya wanaokata kulia unaweza kupoteza bampa, elfu 30 ya notifikesheni (faini ya trafiki) na siku nzima ya kubishana na mtu uliyemkwaruza.

Ila dawa yenyewe ipo kabla ya mataa. Leni haichaguliwi ukishafika, inachaguliwa huko nyuma. Wewe ukishapita Mlimani City hakikisha umeshaanza kusogea kulia taratibu, indiketa kwanza, alafu saiti mira, alafu geuza kichwa uangalie bega lako maana kuna boda ambayo kioo hakiioni, ndo uhame. Tazama na mistari, ikiwa imekatikakatika ruksa kuhama, ukiona imekuwa mstari mmoja mrefu mweupe usiokatika ujue mlango umefungwa, hapo ulipo ndo hapohapo mpaka uvuke. Watu wengi wanaiona ile mistari kama urembo.

Najua utaniambia mwalimu mishale yenyewe imefutika, na kweli, hasa barabara ya Bagamoyo ambako ujenzi wa njia za mwendokasi umekuwa ukibadilisha mambo, leo kona ipo hapa kesho imesogezwa. Mishale ikifutika angalia mabango ya juu, na yakikosekana soma foleni yenyewe. Magari matano ya mbele yako yote yamewasha indiketa ya kulia? Basi hiyo ni leni ya kulia. Na usimsubiri yule wa kwenye simu akwambie geuka kulia, mara nyingi anaongea wakati mstari umeshakuwa mmoja. Ramani iangalie kabla hujawasha gari.

SWALI: Kaka habari. Mimi natoka Keko narudi nyumbani Tabata. Nikikaribia TAZARA nakaa kulia kabisa maana naenda kulia, cha ajabu napandishwa flaiova najikuta nimetokea Vingunguti. Imenitokea zaidi ya mara moja na mke wangu anasema nafanya makusudi nisifike nyumbani. (Baba wa Tabata)

JIBU: Mwambie shemeji hukufanya makusudi, hiyo inawapata wengi. Kwenye makutano ya kawaida anayekata kulia anakaa kulia. Kwenye flaiova lazima kwanza ujue unataka kuwa juu au chini. Lile daraja la Mfugale, tangu lifunguliwe 2018, kazi yake ni kuwavusha wanaonyoosha barabara ya Nyerere bila kusimama kwenye mataa. Kwa hiyo anayenyoosha anapanda, anayekata kona anabaki chini, iwe kona ya kulia au ya kushoto. Na daraja limekaa katikati ya barabara, njia za chini zipo pembeni. Umeona mtego ulipo? Wewe unayetaka kulia lazima kwanza ukae KUSHOTO ili usipandishwe, ukishakuwa chini ndo unahamia leni za kulia, unasubiri taa yako, unaingia barabara ya Mandela unaelekea Buguruni, huyo unaenda zako Tabata.

Ubungo pale kwenye flaiova ya Kijazi akili ni hiyohiyo, imefunguliwa 2021 na ina ngazi tatu, anayenyoosha anapita na ngazi yake na anayetaka kukata kona anashuka kwenye mataa ya chini. Mgeni akiambiwa "ukifika Ubungo kata kulia" bila kuambiwa abaki chini, ameshapotea.

Na ukishapandishwa kwa bahati mbaya, panda. Wapo watu, nimewaona kwa macho yangu, wanasimama pale daraja linapoanzia alafu wanarudi rivasi kidogokidogo na mkono umetolewa dirishani kuomba msamaha. Jamani. Mtu anayekuja nyuma yako yupo spidi ya 50 na akili yake imeshanyoosha mpaka airport, hategemei kukuta tako la gari linamfuata. Fika Vingunguti, geuza pale panaporuhusiwa, rudi.

SWALI: Pale Magomeni natokea Ubungo nataka kukata kulia niingie barabara ya Kawawa kuelekea Kigogo. Taa ya kwenda moja kwa moja inakuwa kijani, mbele yangu hamna gari inayokuja, kwa nini nisikate tu? Mbona zamani tulikuwa tunakata? (Mzee wa Noah)

JIBU: Zamani, mzee wangu, hapakuwa na mwendokasi. Tangu yale mabasi yaanze 2016 barabara ya Morogoro ina njia zake katikati, na wewe ukiwa leni ya kulia kabisa ya magari ya kawaida bado kuna barabara nyingine kulia kwako. Tulizoea kwamba ukikata kulia hatari inatoka mbele, yule anayekuja uso kwa uso. Pale hatari nyingine inatoka NYUMA yako upande wa kulia, basi refu limebeba watu kibao, nalo lina kijani chake linanyoosha. Mbele unaona peupe, unakata, na ubavu wa Noah ndo unakuwa bampa la basi.

Kwa hiyo palipo na njia ya mwendokasi katikati, kulia unakata na mshale wako wa kijani tu. Mshale haujawaka unakaa. Honi za nyuma zisikutie presha, anayepiga honi halioni basi. Na hata mshale ukiwaka, tupa jicho kwenye saiti mira ya kulia kwanza, maana kuna madereva wa magari madogo na boda wanaojiibia kwenye ile njia na hao taa hawaziangalii kabisa.

SWALI: Mume wangu anasema ukikata kushoto taa nyekundu haikuhusu, unapita tu. Mimi nasimama, tunagombana kwenye gari mbele ya watoto. Nani yupo sahihi? (Mama Kimara)

JIBU: Mama, leo nawaudhi wote wawili, inategemea na kona. Kuna makutano yamechongwa kijinjia cha pembeni cha kushoto, kimetenganishwa na kisiwa kidogo cha zege, kinaanza kabla ya mataa. Hapo baba yupo sahihi, hiyo njia haiongozwi na ile taa kubwa, ila sio kwamba unapita kama unakwenda harusini, unapunguza mwendo, unawapisha wanaotokea kulia na wanaovuka kwa miguu, ndo unaingia. Kama hakuna hicho kijinjia na upo kwenye leni yenye taa, nyekundu ni nyekundu kwa wote, kushoto, kulia, kati, labda uwashiwe mshale wa kijani wa kushoto.

Hapohapo nimjibu na kijana wa Kijitonyama anayelalamika kwamba anakaa leni ya kushoto anataka kunyoosha, wanaokata kushoto wanampigia honi awapishe. Angalia mshale wa chini. Kama una vichwa viwili, kimoja mbele kimoja kushoto, una haki yako, tulia. Kama una kichwa kimoja cha kushoto basi wewe ndo umeziba watu, kata kushoto ukatafute njia nyingine.

SWALI: Trafiki ananiita nipite na taa ni nyekundu. Nikipita sitaandikiwa?

JIBU: Pita. Askari akisimama kuongoza makutano ishara yake inazidi taa. Ila hakikisha anaita leni YAKO, mara nyingi anaita wanaokata kulia peke yao na wa katikati nao wanaondoka kwa mkumbo.

SWALI: Salaam alaykum. Nimerudi Unguja baada ya miaka mingi Muscat. Kule tunaendesha upande wa kulia, sasa hapa kipilefti kinanichanganya, naogopa kuingia kinyume. Nikae leni ipi?

JIBU: Waalaykum salaam, karibu nyumbani. Kule Oman mzunguko unauingia kwa kulia, hapa jina lenyewe la kipilefti linakukumbusha, kushoto, unazunguka kama mshale wa saa na unampisha anayetokea kulia kwako aliyeshaingia. Kama kina leni mbili na hakuna michoro inayosema vingine, unatoka njia ya kwanza kushoto au unanyoosha, kaa leni ya nje. Unatoka ya kulia au unarudi ulikotoka, kaa ya ndani, indiketa ya kulia, ukishaipita njia ya mwisho kabla ya yako washa ya kushoto, sogea nje, toka. Ukichelewa kusogea usikate ghafla mbele ya mtu, zunguka tena, kipilefti ndo sehemu pekee barabarani ambapo ukikosea unarudi palepale bure.

Vile vidogo kama cha Mnara wa Saa pale Arusha au Sanamu ya Askari Posta, mambo ya leni ya ndani na nje yanaishia kwenye vitabu, kunakuwa na pua za magari tu. Hapo kazi yako ni kumpisha wa kulia na kuwasha indiketa mapema watu wajue unatokea njia ipi.

Kwako wewe uliyetoka kulia kwenda kushoto nakuonya zaidi kona kuliko mzunguko. Mkono ulizoea kwamba kulia ni kona fupi, hapa kulia ndo kona ndefu, unavuka wanaokuja. Ukiingia kulia ukajikuta taa za magari zinakutazama, umeingia fupi.

SWALI: Mandela Road kwenye leni mbili zote za kukata kulia, mimi nipo ya nje, wa ndani kanijia juu katikati ya kona kanikwaruza alafu akaniambia mimi ndo nimembana. Na malori ya kontena je? (Dereva wa Uhasibu)

JIBU: Leni mbili zikikata pamoja kila mtu anazunguka na leni yake mpaka kona iishe, wa ndani anatokea ndani, wa nje anatokea nje, kuhama ni baadae mkishanyooka. Kama wewe ulibaki nje mpaka mwisho basi yeye ndo alitanua. Tatizo la mitaani kwetu mistari ya kuwaongoza ndani ya makutano haipo au imefutika, kwa hiyo kabla hujaondoka chagua kwa macho leni utakayotokea kule ng'ambo na uikazie macho. Na kama kule ng'ambo kumejaa usiingie hata kama taa ni kijani, baki kwenye mstari, maana taa ikibadilika upo katikati unakuwa umewafungia wa pande zote na leni haina maana tena kwa mtu yeyote.

Kuhusu malori, hapo sheria ya "kila mtu leni yake" ina mgeni. Semitrela ikikata kona tairi za nyuma hazifuati njia ya za mbele, zinapita ndani zaidi, ndo maana dereva wake anajipanua kwanza. Ukiliona limekaa leni ya pili na limewasha indiketa ya kushoto, ule uwazi uliobaki kushoto kwake sio foleni fupi ambayo wenzako hawajaiona, ni nafasi ambayo trela lake litapita ndani ya sekunde chache zijazo. Usiingie. Kaa nyuma yake kwa umbali ambao unaiona saiti mira yake, kama huioni na yeye hakuoni, mwache amalize kona yake yote mpaka trela linyooke ndo na wewe ukate.