Jibu: Mišić alipataje cheo cha vojvoda?

Mkuu, umeuliza jenerali wa Serbia, Živojin Mišić, alipandaje cheo katikati ya vita. Jibu ni mapigano ya Kolubara, 1914, Serbia ikipigana na Austria-Hungaria katika Vita Kuu ya Kwanza ya Dunia. Alikabidhiwa Jeshi la Kwanza likiwa hoi, mizinga haina makombora. Akalirudisha nyuma hadi karibu na mji wa Gornji Milanovac, askari wakala, wakalala. Mkuu wake, Radomir Putnik, hakuupenda mpango huo, lakini jamaa akakomaa. Kwangu mimi hapo ndipo ujenerali wake ulipoonekana. Makombora ya Ufaransa yalipofika, Desemba 3 wakashambulia, Waaustria wakatimka, na Desemba 15 Belgrade ikarudi mikononi mwa Waserbia. Cheo cha vojvoda, yaani kama fildi masho, alipewa vita hiyo ikiendelea. Na kumbuka, huyo alishawahi kustaafishwa kwa lazima!