Kesi ya kiwanja cha urithi: je, naruhusiwa kukubali pungufu?

SWALI: Assalaam alaykum, sheikh. Marehemu baba na ami yetu walinunua kiwanja Tanga kwa kuchangia nusu kwa nusu, lakini hati ikaandikwa jina la ami peke yake. Watoto wa ami wanasema chote ni cha baba yao. Kesi iko Baraza la Ardhi mwaka wa tisa sasa, mashahidi wengi wameshafariki. Wametutaka tupatane: sisi tupewe theluthi, wao wabaki na iliyosalia, ila hawakiri kwamba baba alichangia. Je, nikikubali nitakuwa nimechukua haramu? Miongoni mwetu yumo yatima wa kaka yetu aliyefariki baada ya baba.

JIBU: Wa alaykumu ssalaam warahmatullah. Kupatana kesi ikiwa barazani kunajuzu. Amesema Mtume (s.a.w.): "Suluhu baina ya Waislamu inajuzu, isipokuwa suluhu inayoharamisha halali au kuhalalisha haramu" (Tirmidhi). Na Abu Daud amepokea kwa Ummu Salama kwamba watu wawili walimjia Mtume wakigombania mirathi, hawana ushahidi zaidi ya madai yao. Akawaonya kuwa atakayehukumiwa haki ya ndugu yake amekatiwa kipande cha moto. Wote wawili wakalia, kila mmoja akasema, "Haki yangu nimempa yeye." Akawaambia wagawane, watafute haki, wapige kura ya kujua nani achukue fungu lipi, kisha wahalalishane, yaani wasameheane.

Tatizo lenu ni kule kutokiri. Katika madhehebu yetu ya Shafi, suluhu juu ya madai yanayokanushwa haisihi. Abu Hanifa, Malik na Ahmad, maimamu wa madhehebu mengine matatu, wameiruhusu, madhali mdai haijui nafsi yake kuwa inasema uongo. Kwa kesi ya miaka tisa iliyokwisha mashahidi, sioni ubaya kuwafuata. Lakini wakikubali kuandika kwamba nusu ilikuwa ya baba yenu, ni bora zaidi: mtatoka kwenye khitilafu hiyo ya maimamu, na ile sudusi (moja ya sita) mnayoiacha itakuwa hiba, yaani zawadi, yenu kwao.

Hapo ndipo anapoingia yatima, na kusema kweli yeye ndiye anayenitia wasiwasi kuliko hao binamu zako. Mtu mzima husamehe fungu lake mwenyewe. Mtoto hana wa kumsamehea mali yake, hata mlezi, kwani Allah amesema msiikaribie mali ya yatima ila kwa njia iliyo bora (Al-Israa 17:34). Basi hesabuni fungu lake kutoka nusu kamili, si kutoka theluthi, na upungufu mfidie nyinyi watu wazima. Dada zenu nao waulizwe mmoja mmoja, kwa faragha. Dada anayenyamaza mbele ya kaka zake kwa kuona haya hajaridhia.

Mkishakubaliana, andikeni na muombe baraza liyaingize makubaliano kuwa uamuzi wake, pamoja na fungu la mtoto likitajwa waziwazi. Wallahu aalam.