Re: Nina milioni 15 nataka kutoa muvi ya kutisha, nichukue staa au nisichukue?

Mkuu achana na staa. Nipo kwenye hizi muvi za majini toka enzi za DVD Kariakoo, na nakwambia muvi ya mapenzi bila sura inayojulikana kwenye kava inadoda, hilo nakubali, ila ya kutisha staa wake ni jini lenyewe. Mtu akishtuka kwenye trela basi, kashanasa.

Kuna jamaa anaitwa Moustapha Akkad, wengi jina hawalijui ila kazi yake wanaijua, hasa watu wa Pwani na Zanzibar, ndo aliyeongoza The Message ya 1976 ile ya kisa cha Mtume. Basi huyo huyo Msyria wa Aleppo ndo pesa yake ilitoa Halloween ya 1978, ile muvi ya kutisha ya muuaji mwenye kinyago 😂. Bajeti kama dola 325,000, kwa Hollywood hata kipindi kile ni vijisenti. Kinyago cha muuaji walikinunua dukani, kilikuwa cha sura ya Captain Kirk wa Star Trek wakakipaka nyeupe. Stori inatokea Oktoba majani yanapopukutika huko kwao, wao wanashuti California miti bado ya kijani, ikabidi majani wayapake rangi wayamwage barabarani, sini ikiisha wanayaokota wanaenda kuyamwaga pengine. Ikaingiza makumi ya mamilioni ya dola.

Ila Akkad hakula kwa ile moja tu, alikula kwa sababu hakuiachia. Zilifuata zingine saba na zote yupo kama produsa, mpaka alipouawa kwenye milipuko ya mahoteli ya Amman 2005. Linganisha na George Romero na wenzake wa Pittsburgh na ile Night of the Living Dead ya 1968, msambazaji alibadilisha jina la muvi na tangazo la hakimiliki lilikuwa limeandikwa pale pale kwenye jina la zamani, likaondoka nalo. Kwa sheria ya Marekani ya wakati ule ikawa mali ya umma, kila mwenye mashine anaidurufu anauza na wao wanaangalia.

Sisi huku tuliuza masta, yaani nakala mama ya muvi na haki zake zote. Unapewa hela ya mkupuo, unasaini karatasi moja ambayo hata kopi hupewi, leo muvi yangu naiona YouTube ina matangazo na siwezi kusema kitu. Kwa hiyo kabla hujawasha kamera waigizaji wote wasaini, na yule dogo wa biti pia asaini, maana muziki ndo unaleta klaimu za hakimiliki huko mbele, muvi kaisajili COSOTA, ile ofisi ya hakimiliki, kibali cha Bodi ya Filamu usisubiri mpaka mwisho. Chaneli ikija na dili wape haki ya kuonyesha kwa muda, miaka miwili hivi, usiwape muvi.

Hela yenyewe weka kwenye sauti na usiku. Usiku unakula pesa jamani, jenereta likae mbali nyuma ya nyumba na waya mrefu la sivyo jini lako litaongea na ngurumo nyuma, watu hawana daladala saa tisa so utawalipia boda au uwalaze, msimu wa mvua usijaribu kwa sababu ya kelele za vyura. Damu ya sirapu na rangi ya chakula inaonekana poa ila inaita sisimizi, maiti yetu moja iliinuka katikati ya teki inajikuna. Na mwenyekiti wa mtaa umwambie mapema, akupe hata mgambo mmoja, sisi binti alipiga yowe moja zuri sana watu wakatoka na mapanga.

Kama milioni mbili hivi usiziguse mpaka editi iishe, hizo za trela na posta.