Misty Copeland siyo wa kwanza mkuu

Mkuu umeuliza kama Misty Copeland ndo mweusi wa kwanza kucheza baleti kule Marekani. Hapana, yeye mwaka 2015 alikuwa mwanamke mweusi wa kwanza kupanda hadi cheo cha juu pale American Ballet Theatre, kundi kubwa la baleti la New York, ila kuna walioumia kabla yake na mimi nikimfikiria Raven Wilkinson, mcheza baleti mweusi wa zamani, roho inaniuma kabisa.

Huyu mama wa New York alijaribiwa na kundi la baleti la Ballet Russe de Monte Carlo mara mbili wakamkataa, mara ya 3 mwaka 1955 wakamchukua. Sasa kundi lilikuwa linazunguka na basi mpaka majimbo ya Kusini, kule ubaguzi ulikuwa ni sheria kabisa, na yeye ngozi yake ilikuwa nyeupenyeupe kiasi kwamba angenyamaza tu angepita. Wakafika hotelini Atlanta mwenye hoteli akamuuliza wewe ni mweusi? Akasema ndiyo, hakudanganya, wakamtoa akapelekwa hoteli ya weusi wakati wenzake wamebaki palepale. Hebu fikiria binti wa miaka ishirini na kitu, usiku, peke yake!

Alitoka kundi hilo 1961, Marekani hakuna aliyemtaka, mwishowe akaenda kucheza Uholanzi na Dutch National Ballet tangu 1967.

Kilichonitoa machozi ni kwamba 2015 Misty alipocheza baleti maarufu ya Swan Lake New York, bibi Raven mwenyewe alipanda jukwaani na maua kumpongeza. Alifariki 2018.

Mtafute pia Janet Collins mkuu, mweusi mwingine aliyecheza baleti pale Metropolitan Opera, jumba la opera la New York, 1951.