Aliyeandika ITMA ni Ted Kavanagh

Umeuliza ni nani aliyekuwa akimwandikia mchekeshaji Tommy Handley vichekesho vya ITMA (It's That Man Again), kipindi cha vichekesho kwenye redio ya BBC ya Uingereza. Ni Ted Kavanagh, mzaliwa wa Auckland, New Zealand. Alikiandika kuanzia 1939 hadi Januari 1949, Handley alipofariki na kipindi kikakoma.

Kilichombana ni muda. Nusu saa kila kipindi, na mzaha ulitegemea habari za wiki hiyohiyo. Ukiandikwa mapema, unachacha. Tena msikilizaji haoni sura wala mavazi. Ndiyo maana wahusika waliingia kwa mlio wa mlango, kisha kila mmoja akatamka kauli yake ileile, na msikilizaji akamtambua kabla hajatajwa jina. Watu husifu kauli tu, lakini mlango nao ulibeba kazi kubwa: ulimruhusu mwandishi kukata mazungumzo yaliyopoa na kuleta mtu mpya bila maelezo yoyote.

Na hili lisisahaulike: Kavanagh alikuwa pia na ofisi ya uwakala wa waandishi, na ndiye aliyewakutanisha waandishi Frank Muir na Denis Norden, walioanza kuandika Take It From Here, kipindi kingine cha vichekesho vya redio, mwaka 1948.