Uwanja wa Langston

SWALI: Shikamoo mzee. Ni kweli Washington kuna uwanja wa gofu wa umma uliojengwa kwa ajili ya weusi? – Msomaji, Morogoro

JIBU: Marahaba, mwanangu. Ni kweli: Langston, kando ya Mto Anacostia. Ulifunguliwa 1939, mashimo 9 tu, na sehemu yake ilikuwa jalala. Wakumbuke kwanza akina mama wa klabu ya Wake-Robin, iliyoundwa 1937, waliomwandikia waziri Harold Ickes kudai mahali pa kucheza. Wala jalala halikuwatosha weusi wa mji ule! Mwaka 1941 wanaume watatu waliingia East Potomac, uwanja wa wazungu. Walizomewa, polisi wakiwalinda, nao wakaendelea kupiga mpira shimo baada ya shimo. Ickes akawaunga mkono: nao ni walipa kodi. Langston ulifikisha mashimo 18 mwaka 1955, na baadaye ukasimamiwa na Lee Elder, mweusi wa kwanza kucheza Masters, mashindano makubwa ya gofu ya Marekani, 1975.

Utotoni nilibeba mifuko ya fimbo za wakubwa, mkanda ukinichubua bega, nisiruhusiwe kugusa mpira. Ndiyo maana habari za akina mama wale hunigusa mno.